Plasta Nyeupe kwenye Friji ya Chanjo

Baba mkwe wangu haamini kitu. Nalisema mapema ili mtu asije akadhani namsengenya, maana mwenyewe ukimwambia hivyo anaitikia kama umemsifu. Ukimkaribisha chai, anainusa kwanza. Ukimwambia mvua inanyesha, anatoa mkono dirishani. Mtaani wanamwita Nione Kwanza, na jina limemkaa mpaka watoto wanadhani ndilo alilopewa na mama yake. Siku niliyoletwa kwake kama mke wa mwanawe, wenzangu hupokewa kwa vigelegele, mimi nilipokewa kwa swali: "Binti, hicho kikohozi umetoka nacho kwenu au umekipata njiani?" Nilikuwa nimepaliwa na mate tu.

Ni fundi friji, mwaka wa thelathini na mbili huu. Karakana yake ni chumba cha mbele cha nyumba yetu, kwa hiyo ukitaka kutoka nje lazima upite katikati ya friji zisizo na milango na milango isiyo na friji. Kazi anaijua, hilo simnyimi. Anaweka sikio mgongoni mwa friji, anafumba macho, kisha anasema, "Gesi imevuja," au, "Mwenye mali muongo, hii iliangushwa." Na mara nyingi huwa ndivyo.

Akimaliza kutengeneza, anazungusha kile kiduara cha baridi mpaka namba ya mwisho, saba, kisha anabandika plasta nyeupe juu yake na kuandika kwa kalamu nene: USIGUSE. FUNDI. Anasema wateja wana vidole vya udadisi; wanachezea namba, friji ikigoma wanamsingizia yeye. "Kikulacho ki nguoni mwako," huwa anasema, huku akinitazama mimi. Bucha ina plasta hiyo, duka la soda linayo, muuza maziwa anayo, kliniki inayo, na friji ya jikoni kwetu inayo. Mimi ninayepikia nyumba nzima siruhusiwi kuigusa, ndiyo maana nyanya zetu ukizikata zinalia kama mawe. Lakini kwa fundi wa mtaani barafu ndiyo heshima. Mwenye bucha hana haja ya vipimo. Anagonga nyama, ikilia kama ubao anasema fundi huyu ni kiboko.

Basi, mtoto wa mshonaji akaanza kukohoa.

Mshonaji amepanga chumba kinachotazamana na chetu, hatua sita za ukumbi. Mwanawe ana miezi minane. Mwanzo ilikuwa mafua tu, kamasi na chafya, tukasema hali ya hewa. Wiki ya pili kikohozi kikabadilika. Kilikuwa kinamshika mfululizo, mara kumi, mara kumi na tano bila nafasi ya kuvuta pumzi, uso unakuwa mwekundu kisha unafifia, na mwisho anavuta hewa kwa mlio mrefu, kama jogoo anayejifunza kuwika. Halafu anatapika maziwa yote. Mama yake akawa anashona huku sikio liko kitandani.

Hospitali kubwa wakamwambia ni kifaduro. Mshonaji akatoa kadi ya kliniki kwenye pochi. "Lakini daktari, amechomwa zote tatu, tazama mihuri." Daktari aliigeuza kadi mbele na nyuma, akauliza swali moja tu: "Alichanjiwa wapi?" Kisha akaandika kitu kwenye karatasi yake bila kusema zaidi.

Swali lile mshonaji alirudi nalo nyumbani, na ukumbini kwetu likazaa.

"Sindano ya maji," alisema baba mkwe hata kabla mshonaji hajamaliza kusimulia. "Yule Sista wa kliniki anachoma watoto maji. Chanjo yenyewe anaipeleka anakokujua."

"Baba, umeona?" nilimuuliza, maana nami nimejifunza lugha yake.

"Nitaona."

Siku tatu zilizofuata alikaa kwenye kibao mkabala wa kliniki, ana kompresa mbovu ya friji miguuni ili aonekane anafanya kazi. Jioni alikuwa analeta taarifa. Leo Sista ametoka na mfuko mweusi. Leo amecheka na mwenye pikipiki. Leo amefunga mlango dakika tano kabla ya saa. Mfuko mweusi niliuona mwenyewe sokoni, ulikuwa na vitunguu. Nilipomwambia, alisema, "Juu ni vitunguu."

Nilimcheka, ila kicheko hakikufika moyoni. Binti yangu, tunamwita Bibie, alikuwa na wiki kumi na nne. Sindano mbili za kuzuia kifaduro alishapata, zote kwa Sista yuleyule, kwenye chumba kilekile. Ya tatu ilikuwa Alhamisi. Kama zile mbili zilikuwa maji, basi mwanangu alikuwa analala hatua sita kutoka kwenye ugonjwa akiwa mtupu kama siku aliyozaliwa, na kitoto cha umri ule kikipata kifaduro hakikohoi sana. Kinakabwa pumzi tu. Hilo daktari alimwambia mshonaji, na mshonaji akaniambia mimi, na tangu hapo usingizi wangu ulikuwa wa sungura.

Nikaanza kushuku kila mtu. Nilimshuku Sista. Nilimshuku na mshonaji: pengine hakwenda kliniki hata mara moja, pengine mihuri ile ameipata kwa njia zake, anaona haya kusema. Nikahamisha nguo za Bibie kwenye kamba ya nyuma. Mshonaji aliona. Yeye naye, nilikuja kujua baadaye, alikuwa ananishuku mimi kwamba ndimi niliyewaambia watu mtoto wake ana balaa.

Mume wangu, ambaye yuko kiwanda cha mikate na hurudi na unga masikioni, alisema, "Nendeni mkachome. Kama kuna tatizo watasema wenyewe."

"Hachomwi mtoto mpaka nione," alisema baba yake.

Kwa hiyo Alhamisi tulikwenda watatu. Bibie alikuwa ameamka na kamasi jepesi na kikohozi kimoja kimoja. Niliona, nikajifanya sikuona.

Kliniki yenyewe ni vyumba viwili. Akina mama hukaa kwenye benchi barazani na mlango huwa wazi, kwa hiyo kinachosemwa ndani husikika chote nje. Sista alikuwa mezani na daftari lake kubwa. Ni mwanamke mnene, mpole, anayeongea na watoto kuliko na wazazi wao. Alimsalimia baba mkwe vizuri sana. "Shikamoo fundi. Friji yako inadunda, haijatusumbua hata siku moja."

"Marahaba," alijibu, kama mtu anayepokea rushwa, na akaenda moja kwa moja kwenye friji.

Hakuifungua. Alivaa miwani akasoma karatasi iliyobandikwa mlangoni, ile ambayo mhudumu anaandika joto la ndani asubuhi na jioni. Alipitisha kidole mstari kwa mstari. Akafunua ya mwezi uliopita, na ya mwezi wa nyuma yake.

"Nne," alisema. "Nne. Nne. Nne. Sista, hii ni friji au ni picha ya friji?"

"Una maana gani, mzee?"

"Friji inafunguliwa, inafungwa. Umeme unakatika, unarudi. Jua la saa nane linapiga ukuta huu hapa. Mimi nimeishi na friji kuliko nilivyoishi na marehemu mke wangu, na sijaona hata moja iliyokaa nne asubuhi na nne jioni mwaka mzima. Hata mtu mzima huwa na siku ya homa."

"Msimamizi wa chanjo alipokuja aliisifu karatasi hiyo."

"Angeacha kuisifu? Ya uongo huwa safi kuliko ya kweli."

Kule nje vichwa vikageukia mlango. Nilisikia mama mmoja akimwambia mwenzake, "Umesikia?"

Baba mkwe akafungua mlango. Kipimajoto kilikuwa nyuma kabisa, kimefichwa na maboksi ya chanjo. Ukuta wa nyuma ulikuwa umeota barafu nyeupe, na boksi moja lilikuwa limeng'ang'ania pale mpaka akalivuta kwa nguvu. Akakipangusa kipimajoto kwa kidole gumba, akanionyesha mimi kwanza, kisha Sista. Kilikuwa tatu chini ya sifuri.

Sista alikaa. Alisema kwa sauti ndogo, "Zamani nilikuwa nakisoma. Kila nikisoma ni nne, ni nne. Ilipokufa na ukaitengeneza, nikashika mlango nikaona inapoa vizuri. Foleni ni ndefu, mzee. Nikawa naandika."

"Unaandika." Alitugeukia mimi na mlango wazi kwa pamoja. Sijapata kumwona na furaha ya namna ile. Alikuwa ameshuku miaka sitini na leo amelipwa. "Mmesikia? Nilisema. Na si kuandika tu, kuna mtu humu amechezea baridi. Kuna kidole kimechezea namba. Nakitaka hicho kidole."

Akainama kutafuta kiduara.

Mimi nilikuwa upande wa pili, sikuona alichokiona. Niliona mgongo wake tu, na ule mgongo ukasimama. Nikasogea na mtoto wangu kifuani. Chini ya taa ya ndani palikuwa na kipande cha plasta, kimegeuka rangi ya chai kwa umri, na juu yake maandishi mazito ninayoyasoma kila siku jikoni kwangu. USIGUSE. FUNDI. Pembeni ya plasta ilichungulia namba saba.

"Hakuna aliyegusa, mzee," alisema Sista. "Ulituambia tusiguse."

Hakuinuka. Alimwuliza Sista polepole, na kwa mara ya kwanza tangu nimjue aliuliza kwa kutaka kujua, hakuuliza kwa kumtega mtu. "Baridi ikizidi, si ndiyo inatunza?"

"Nyama, ndiyo. Hii ya watoto inaharibika. Inataka isishuke chini ya mbili wala isipande juu ya nane. Ikiganda, hata ikiyeyuka ukaiona nzuri, nguvu imekwisha. Mtoto haimdhuru. Lakini anarudi nyumbani kama hakuchomwa."

"Wote?"

"Siwezi kujua yupi na yupi. Tangu ulipoitengeneza."

Barazani walikuwa wameshaanza. "Sista anaandika uongo." "Watoto wetu wamechomwa maji." Mmoja alikuwa amesimama na kadi yake mkononi, anamtafuta wa kumpigia kelele. Mlango wa friji ulikuwa umewakinga wasione ndani. Plasta ile tulikuwa tunaijua watu watatu tu. Ukucha mmoja ungeibandua. Lawama zote zingebaki kwa mwanamke yule mnene aliyeandika nne, na kweli alikuwa ameiandika, wala asingekuwa na pa kusemea. Nitasema ukweli: nilitaka aibandue. Ni babu wa mwanangu, na mtaa huu ndiko tunakokula. Alinitazama, na nina hakika aliyasoma hayo machoni mwangu, maana yeye hakosi kumwona mtu anayewaza vibaya.

Hapo Bibie akakohoa. Hakikuwa kile kimoja kimoja cha asubuhi. Kilimshika na hakikumwachia, mara tano, mara sita, uso ukaiva, mikono ikakakamaa, kisha kimya kirefu ambacho sitaki kukikumbuka. Halafu akavuta pumzi na kulia.

Baba mkwe hakugusa plasta. Alitoka barazani akasimama mbele ya benchi akiwa ameshika miwani mkononi.

"Friji hii niliitengeneza mimi," alisema. "Niliiweka baridi kali nikawakataza wasiguse. Chanjo imeganda. Sista hakusoma kipimo, hilo lake atalisema mwenyewe. Lakini kidole ni changu." Kisha akaongeza, "Msiiogope sindano. Niogopeni mimi."

Ningependa kusema walimsamehe. Mama aliyekuwa amesimama alimwuliza, "Na siku zote unatuambia sisi ndio wezi?" Wengine wakacheka kile kicheko kisicho na meno. Baba mkwe alikipokea chote.

Msimamizi wa chanjo alikuja mchana huohuo na boksi la baridi kwenye pikipiki. Mimi sikuwepo, nilikuwa njiani kwenda hospitali, lakini Nione Kwanza alibaki aone, na amenisimulia mara nyingi mno. Walitikisa vichupa vitatu wakaviweka mezani: kizima, kimoja kilichogandishwa makusudi kikayeyushwa, na cha kwenye friji yetu. Kizima kilibaki na ukungu kama maji ya mchele. Kilichogandishwa kikatua, machicha chini, maji maangavu juu. Cha kwetu nacho kikatua. Walirudia kwa vichupa vingine na yeye akakaa kwenye kigoda, macho usawa wa meza, mpaka cha mwisho.

Bibie alilazwa siku kumi na moja. Walimpa antibayotiki na oksijeni, na kunyonya ikawa kidogo kidogo, kila mara, kwa sababu akishiba anakohoa na akikohoa anatapika. Dawa ya kikohozi ya dukani walinikataza kabisa. Muuguzi alinifundisha kutazama midomo: ikianza kuwa ya bluu, niite, nisingoje. Iligeuka bluu mara mbili.

Wakasema nyumba nzima imeze dawa, hata asiyekohoa, kwa kuwa mtu mzima anaweza kuwa na kifaduro akadhani ni kikohozi tu, akamwambukiza mtoto. Nilijitayarisha kwa ubishi. Mtu anayenusa chai atakubalije kidonge cha ugonjwa asioumwa? Muuguzi alimpa, naye akakimeza pale pale bila kusoma karatasi, bila kuuliza kimetengenezwa lini. Hapo ndipo nilipoogopa kweli. Nilitoka nje nikalia, kwa sababu kama Nione Kwanza ameacha kuuliza, basi mambo ni mabaya.

Siku ya nne mshonaji alikuja wodini na mwanawe mgongoni, ambaye sasa alikuwa anakohoa bila kutapika. Hakutaja nguo nilizozihamisha. Alikaa, akamtazama Bibie, akanionyesha namna ya kumlaza ubavu akikohoa ili asipaliwe. Aliondoka kabla sijapata la kumwambia. Tulipotoka hospitali nilirudisha nguo kwenye kamba ya ukumbini.

Daftari la Sista lilitoa majina mia mbili na kumi na tatu ya kurudiwa. Sista hawakumfukuza, walimpa barua ya onyo na kazi ya kuwatafuta wote, na baba mkwe akasema atakwenda naye, nyumba kwa nyumba. Watu walimwonyesha cha moto. Mwenye bucha alimwambia, "Nione Kwanza, leo wewe ndiye wa kuaminiwa?" Kuna aliyemfungia mlango usoni. Kuna baba mmoja aliyedai aone maandishi ya msimamizi, aone muhuri, apige simu ahakikishe. Sista alikasirika, lakini baba mkwe alikaa kizingitini akangoja mtu yule amalize kuhakikisha. "Mwache," alimwambia Sista. "Huyo ana akili."

Jioni baada ya mizunguko hiyo alikuwa anapita kwa wateja wake wote na kisu kidogo, anabandua plasta. Ya jikoni kwetu niliibandua mimi. Nyanya sasa zinakatika.

Wiki sita baada ya kutoka hospitali daktari aliruhusu Bibie aanze upya, sindano ya kwanza. Tulikwenda watatu tena. Mlangoni mwa friji palikuwa na karatasi mpya: tano, tatu, sita, nne, saba siku umeme ulipokatika, tano. Kila namba ilikuwa na sahihi mbili, ya Sista na ya baba mkwe, kwa sababu hupita hapo asubuhi na jioni na kila mmoja anasoma kipimajoto peke yake kabla ya kumwambia mwenzake alichokiona. Hawaaminiani hata chembe, na wanapatana vizuri.

Sista alitoa kichupa. "Tazama, mzee, kabla sijachoma."

Alikishika kwenye mwanga, akakitikisa, akakitazama kwa muda mrefu mpaka akina mama wa benchi wakaanza kuguna. Alisoma kipimajoto. Alisoma tarehe. Nikadhani sasa ameridhika, lakini alimrudishia Sista kichupa na miwani yake juu.

"Sasa na wewe nikague mimi," alisema. "Uone kama nimeona sawasawa."

Sista alivaa miwani ya mzee, akasoma vyote upya, akatikisa kichwa kukubali, akamchoma mwanangu. Bibie alilia kilio kizuri, cha pumzi nyingi.

Nilipokuwa namfunika nikachungulia ndani ya friji kabla mlango haujafungwa. Kiduara kilikuwa kwenye mbili, na juu yake plasta mpya, nyeupe, kwa mwandiko uleule mzito. USIMWAMINI FUNDI. SOMA KIPIMO.